Mafuta ya ubani ya kachupa: kuna anayejua kazi yake kweli au tunauziana maneno tu?

NasraMbezi:

Habari zenu wadau, poleni na majukumu. Naombeni msaada kwa anayejua mambo ya mafuta ya ubani, simaanishi ule ubani wa vipande wa kuchoma, namaanisha yale mafuta makali yanakuja kwenye kachupa keusi ka ml 15. Kuna dada tunafanya nae kazi ni wakala, kaniuzia kwa elfu tisini (ndio, elfu tisini, msinicheke) na maelezo aliyonipa marefu kuliko ya daktari. Yanaondoa makovu ya chunusi, yanatibu magoti, yanashusha stresi, yanaongeza kinga, yanayeyusha uvimbe kwenye kizazi, na kwenye grupu lao la WhatsApp kuna mmoja anasema yanaua kansa ila hospitali hawataki tujue. Matumizi ndo yamenichanganya kabisa, eti matone mawili chini ya ulimi asubuhi na jioni, na usoni unapaka hivyohivyo bila kuchanganya na kitu.

Mimi nilikuwa na shida mbili tu. Mama yangu ana miaka 67 magoti yanamtesa, ngazi hapandi, na mimi uso una madoa ya chunusi za zamani. Sijayafungua bado. Naomba mnaojua mniambie ndani kuna nini hasa, yanafanya nini na nini hayafanyi, na hilo la kunywa limekaaje maana mama anatumia dawa za presha na kidonge cha kuyeyusha damu.

BintiNgambo:

Waalaikum salaam hata kama hujatoa 😂 Shoga, USIMNYWESHE MAMA HAYO MAFUTA. Naanza na hilo kabla ya yote. Mie nimezaliwa ubani nimeukuta, kwetu Unguja ubani hauishi ndani, jioni mkaa kwenye chetezo, punje mbili tatu juu yake, nyumba inanukia, nguo zinatundikwa zinafukizwa, mzazi akitoka uzazini anafukizwa, maiti akiwa ndani unachomwa, Alhamisi usiku ndo usiseme. Lakini sijapata kuona bibi yeyote ananywa mafuta yake matone chini ya ulimi, hayo yameletwa na semina za hoteli.

Cha magoti marehemu bibi alikuwa anatwanga ubani anautia kwenye mafuta ya nazi anayachemsha moto mdogo sana anachuja na kitambaa, basi anachuliwa nayo magoti na kiuno usiku. Alikuwa anasema yanamtoa baridi. Sasa kama hayo ya kwenye chupa ndo hayohayo basi umepigwa bei tu, ubani wa elfu tano unatosha kutengeneza kopo zima.

Mkemia_wa_Mtaani:

BintiNgambo umesema vizuri ila hayo mafuta ya bibi na haya ya kachupa ni vitu viwili tofauti, na hapo ndipo biashara yote hii inapojificha kwahiyo ngoja niandike kirefu kidogo mnisamehe.

Ubani ni utomvu wa miti ya jamii ya Boswellia. Ndani ya kipande cha ubani kuna makundi matatu. Kuna gundi inayoyeyuka kwenye maji, kuna resini ambayo ni nzito na haiyeyuki kwenye maji, na kuna kasehemu kadogo ka mafuta yanayopeperuka ambayo ndio harufu. Kupata mafuta ya kachupa wanapitisha mvuke kwenye utomvu, mvuke unabeba kile chepesi tu, unapozwa, mafuta yanaelea juu ya maji yanakusanywa. Ni mtambo wa gongo tu kimsingi, kinachopanda ni chepesi, kizito kinabaki chini kwenye pipa. Kilo nzima ya ubani inakupa chini ya gramu mia za mafuta, ndo maana bei iko juu hata kabla wakala hajaweka cha kwake.

Sasa chepesi ni nini? Kwenye ubani wa Oman na Somalia mara nyingi kinachoongoza ni alfa-pinini, ileile iliyomo kwenye tapentaini na inayonukia kwenye miti ya msindano, halafu limonini ya kwenye maganda ya machungwa, na vingine vidogovidogo. Molekuli za hivi zina uzito kama 136. Na kizito kilichobaki kwenye pipa ni nini? Ni asidi za boswelia, uzito wake kama 456, hazipandi na mvuke. Na hizi asidi ndizo wanasayansi walizohangaika nazo miaka yote kwenye habari za uvimbe wa viungo na magoti. Umeona mchezo? Mtu anakutajia utafiti uliofanywa na kile kilichobaki kwenye pipa halafu anakuuzia kilichopanda na mvuke.

Magoti ya mama: tafiti zilizopo ni za VIDONGE vya dondoo la ubani wa India, Boswellia serrata, vilivyopimwa kiwango chake, wala sio mafuta ya kunusa. Mapitio ya Cochrane (mtandao wa watafiti wanaochambua tafiti za tiba) ya 2014 kuhusu dawa za mitishamba za kunywa kwa magoti na viungo vilivyochakaa yalikuta dondoo hilo linapunguza maumivu kidogo. Kidogo, mama hatacheza sindimba. Na kwakuwa anatumia kidonge cha kuyeyusha damu asiguse hata hivyo vidonge bila daktari wake kujua, mitishamba kadhaa inavuruga kazi ya dawa hizo na ukivuja damu ndani sio utani.

Mafuta ya kachupa kwa goti utayatumia kwa kuchua, changanya na mafuta mengine. Nafuu yake itatoka zaidi kwenye mkono unaochua na joto, harufu inasaidia mama atulie. Sisemi ni kitu kibaya, nasema usitegemee goti lipone.

AfyaNiUtajiri_Wakala:

Samahani mkuu lakini nyie ndo mnaokatisha watu tamaa. Mimi natumia haya mafuta na familia yangu na nina shuhuda nyingi sana watu wamepona vidonda vya tumbo, uvimbe, pumu, na kuna mama alitakiwa kuondoa kizazi sasa hivi yuko fiti. Ubani umo kwenye Biblia, mamajusi walimpelekea mtoto Yesu dhahabu, uvumba na manemane, unafikiri walipeleka kitu cha kunukia tu? Na yetu ni ya kiwango cha tiba sio ya mtaani. Utafiti upo wa Marekani unaonyesha yanaua seli za kansa, gugo ipo.

Mkemia_wa_Mtaani:

Dada sina ugomvi na wewe, uza, ila tuwekane sawa.

"Kiwango cha tiba" ni maneno ya lebo. Hakuna mamlaka ya dawa inayotoa daraja hilo kwa mafuta ya kunukia, kampuni inajipa yenyewe.

Utafiti wa Marekani naujua, wa Oklahoma 2009, walimwagia mafuta ya ubani seli za kansa ya kibofu cha mkojo zilizokuzwa maabara, zikafa. Sawa. Hata jiki ukiimwagia seli kwenye kisahani zinakufa, kazi ni kuua kansa ndani ya mtu bila kuua mtu, na huko mafuta haya hayajafika. Mwaka 2014 mwezi wa tisa FDA, mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani, iliziandikia barua za onyo kampuni mbili kubwa kabisa za biashara hii kwasababu mawakala wao walikuwa wanatangaza mtandaoni kwamba mafuta yanatibu Ebola, kansa, kisukari na mengine kibao. Wao wenyewe huko makao makuu wanajua hawaruhusiwi kusema, wanaosema ni nyinyi huku chini.

Na huyo mwenye pumu mwambie aendelee na inhela yake tafadhali.

Frateri_mstaafu:

Nimecheka hapo kwa mamajusi 😅 Mimi nimebeba chetezo miaka mingi altareni, swali langu ni dogo tu, huu uvumba wa kanisani ndio ubani huohuo? Maana harufu ya kanisani na harufu ya nyumba za Waswahili naona hazifanani, ya kanisani ina ulimau fulani.

Mkemia_wa_Mtaani:

Frateri ni ukoo mmoja mti tofauti. Uvumba mwingi wa makanisa duniani unatoka Ethiopia, Eritrea na Sudan, mti wake Boswellia papyrifera. Mafuta yake hayaongozwi na pinini, yanaongozwa na oktili asetati, ndo hiyo harufu ya matunda unayoisikia, na viwanda vingine vinachanganya na manukato mengine pia. Huohuo wa papyrifera una kitu kinaitwa insensoli asetati, 2008 watafiti waliwapa panya wakaona wasiwasi unapungua. Panya lakini. Ila ukikaa kanisani ukahisi umetulia siwezi kukubishia.

Sasa habari mbaya ni kwamba mti huo unaisha. Utafiti uliotoka 2019 ulikadiria uzalishaji wake utashuka kwa nusu ndani ya miaka 20 hivi, miti mikubwa inachanjwa kupita kiasi, miche inaliwa na mifugo na kuungua moto, hakuna midogo inayokua kuchukua nafasi.

Mzenji_Muscat:

Nimechelewa kuuona uzi huu, huu ndo uzi wangu. Mie niko Muscat lakini mke wangu kwao Dhofar huko kusini, Salalah, huko ndo kwenye ubani wenyewe, Boswellia sacra. Ile sehemu UNESCO wameiweka kwenye urithi wa dunia tangu 2000, bonde la Wadi Dawkah lenye miti na bandari za zamani zilizokuwa zinasafirisha ubani, Khor Rori na Al-Baleed, na Shisr huko jangwani walikokuwa wanapita wasafiri.

Mti wenyewe ukiuona huwezi kuudhania kitu, mfupi, umejikunja, gome linabanduka kama karatasi. Mwezi wa nne joto likianza wanaukwangua gome kidogo na kisu chao wanakiita manqaf, unatoa maziwa meupe, wanaondoka. Wakirudi baada ya kama wiki mbili yamekauka wanabandua, wanakwangua tena. Ule wa kwanza hauna thamani sana, mzuri unakuja kwenye mikwaruzo ya mbele. Ukienda suku la Haffa pale Salalah utaona magunia, hojari ndo wa juu kabisa, mkavu, mweupe unapiga kijani, halafu najdi, shazri na shaabi ndo wa chini, mwekundu mwekundu. Mtalii anauziwa shaabi kwa bei ya hojari kila siku ya Mungu.

Kuhusu kunywa. Huku watu wanakunywa ubani lakini wanakunywa MAJI yake. Unachukua punje za hojari safi unaziosha unaziloweka kwenye maji usiku kucha, asubuhi maji yamekuwa meupe kama yametiwa maziwa kidogo unayanywa, wazee wanasema yanasafisha tumbo na kifua. Nilisoma alivyoeleza Mkemia nikaelewa, kinachoyeyuka hapo ni gundi zaidi. Mafuta sijawahi kumwona Mdhofari anayanywa, anayapaka kwenye ndevu na kanzu basi. Sasa ninyi mnayanywa kwa kufundishwa na nani?

BintiNgambo:

Mzenji umemaliza. Na sie maji ya ubani tumeyanywa tukiwa wadogo kikohozi kikizidi, machungu yanakwama kooni wallahi.

Kinna_boy:

Wasee hii story imenifurahisha, mimi niko Isiolo upande wa huku juu Kenya. Watu wakiskia ubani wanafikiria Oman na Somalia pekee kumbe sisi hapa tunakanyaga. Kuna Boswellia neglecta kutoka Isiolo kwenda Marsabit, Wajir mpaka Samburu, tofauti yetu ni watu hawakati mti, utomvu unatoka wenyewe kwa sababu ya wadudu kutoboa gome, sasa mama akiwa anachunga mbuzi anaokota anaweka kwa gunia. Ni nyeusi nyeusi sio ile safi ya Oman. Pamoja nayo wanaokota manemane. Tatizo ni bei, broka anakuja na lori ananunua kilo kwa pesa kidogo sana halafu inaenda Nairobi inaenda ng'ambo, inarudi kwa hiyo kachupa ya ml 15 unauziwa elfu tisini za TZ. Nikipiga hesabu naumwa kichwa.

NasraMbezi:

Jamani asanteni nimesoma yote mpaka kwa sauti mama akasikia, kasema "nilikwambia" 🤦🏾‍♀️ Basi kunywa tumeweka pembeni. Sasa chupa ninayo, kurudisha wakala hataki, nisaidieni kuitumia vizuri. Usoni naweza? Kwenye difyuza (kile kimashine cha kutawanya harufu chumbani) je, na kwenye chetezo nikidondoshea juu ya mkaa badala ya ubani wa punje? Na nitajuaje kama ni mafuta halisi au yamechakachuliwa, nimefungua sasa hivi yananukia ulimau na kama msitu hivi halafu kwa mbali vanishi ya seremala.

Mkemia_wa_Mtaani:

Usidondoshee juu ya mkaa wa moto. Haya mafuta yanashika moto haraka sana, moto utakurukia mkononi. Chetezo ni cha punje. Na hata punje, fungua dirisha, mkaa kwenye chumba kilichofungwa unatoa hewa ya sumu na moshi wenyewe unamchokoza mwenye pumu.

Difyuza sawa, matone matatu manne kwenye maji, nusu saa inatosha, chumba kiwe na hewa. Kama una paka ndani mpe njia ya kutoka, maini ya paka hayawezi kuvunja vitu hivi vizuri.

Usoni lazima uchanganye. Chukua ml 30 za mafuta mepesi, jojoba ukipata, alizeti safi pia sio mbaya, weka matone 6 tu. Hiyo ni kama asilimia moja. Ya nazi kwa uso wenye chunusi mimi siipendi, inaziba. Kabla ya uso pima ndani ya kiwiko, acha siku nzima, kikiwasha au kuwa chekundu achana nayo. Ya kumchua mama unaweza kufika matone 12 kwenye ml 30 zilezile, usipake penye kidonda.

Madoa sasa. Sitakudanganya. Mafuta haya yatakupa ngozi laini na harufu nzuri, doa jeusi la chunusi linataka sanskrini kila siku na muda, na kama ni makovu yenye mashimo muone daktari wa ngozi. Nimeona watu wanaacha sanskrini wanapaka ubani halafu wanatoka juani saa sita mchana.

Kuhusu uhalisia, dondosha tone kwenye karatasi nyeupe uache mpaka kesho. Mafuta ya kukeneka (yaani ya kupitishiwa mvuke) yanapeperuka, yanaacha alama hafifu sana au hakuna. Likibaki doa la mafuta kama la kitumbua ujue wamechanganya na mafuta ya kupikia. Ila hii inakamata mwizi mjinga tu, aliyechanganya na tapentaini ya bei rahisi humkamati hivyo maana nayo inapeperuka, huyo anataka mashine ya maabara. Angalia na lebo, iandike jina la mti lote mfano Boswellia sacra au carteri, nchi ulikotoka na tarehe. Lebo iliyoandikwa "ubani" tu na picha ya mamajusi, mh.

Hiyo vanishi unayoisikia ndo pinini, ni kawaida. Ikizidi siku za mbele ikawa kali ya kuchoma pua hapo imeoza na hewa, usipake tena, mafuta yaliyozeeka ndo yanaleta mzio. Funga vizuri, weka mbali na jua, friji sawa.

AfyaNiUtajiri_Wakala:

Mimi wateja wangu wanaweka chini ya ulimi na hakuna aliyekufa.

Mzenji_Muscat:

Dada hilo sasa ndo tangazo? 😂😂

mama_K_Moshi:

Mimi ni nesi, nilikuwa nasoma tu kimyakimya. Hapo kwenye uvimbe wa kizazi naomba niongezee maana limepitwa haraka. Wanawake wanakuja wodini fibroidi zimekuwa kubwa au damu zimeisha mwilini, ukimuuliza ulikuwa wapi anakwambia nilikuwa natumia mafuta, mwaka mzima. Mafuta hayajamdhuru, mwaka ndo umemdhuru. Kama kuna anayesoma hapa anavuja damu nyingi kila mwezi aende kwanza akapige ultrasaundi na kupima damu, akirudi nyumbani achome ubani atakavyo. Na wajawazito msipake pake hovyo miezi ya mwanzo, ulizeni kliniki.

NasraMbezi, mama wa miaka 67 goti lake limepigwa eksirei? Uzito je? Mazoezi ya kuimarisha misuli ya paja yanasaidia magoti kuliko karibu kila kitu kinachouzwa kwenye chupa, na fizio (wataalamu wa tiba ya mazoezi) wapo hospitali za mkoa.

NasraMbezi:

Eksirei ilipigwa mwaka jana wakasema yamesagika, mazoezi aliambiwa akaacha baada ya wiki. Nitamrudisha kwa fizio. Mafuta nitamchanganyia ya kuchulia usiku maana harufu ameipenda, na daktari wake nitamwambia anachopaka. BintiNgambo, ule wa kupika na mafuta ya nazi nao nataka nijaribu, ubani mzuri kwa Dar naupata wapi na nautambuaje?

BintiNgambo:

Kariakoo maduka ya viungo na udi yapo tele, usichukue wa kwanza. Shika punje, iwe kavu, isigande vidoleni, isiwe na mchanga na magome mengi. Omba wakuchomee moja, mwenye duka mwaminifu hakatai, moshi ukiwa unachoma macho na kunuka plastiki ondoka. Kupika ni moto mdogo kabisa, kisufuria ndani ya sufuria yenye maji, usiweke moja kwa moja jikoni utaunguza, na kisufuria chenyewe chagua ambacho hukipendi, utomvu ukishaganda humo hakitoki kitu, bibi chake kilikuwa cha ubani mpaka anaingia kaburini.

Kinna_boy:

Ukitaka ya kwetu nitume sampo na basi mpaka Namanga, nauli ni juu yako 😄

NasraMbezi:

Njoo inbox Kinna.